Vitabu vya Kuwashia Boila

Nimehama nyumba nyingi kuliko ninavyoweza kuzihesabu, na kila ninapohama kitu cha kwanza kupakiwa ni sanduku la bati lenye vitabu. Naivasha, Kericho, Kisumu, Voi, kisha Naivasha tena. Wenye nyumba wamenidhania fundi wa vyuma kwa sababu ya uzito wake. Sasa nimeshapita miaka arobaini, magoti yameanza kulalamika, na juzi mpagazi wa stesheni aliniuliza nimebeba mawe ya wapi. Nikamwambia ni ya Nakuru. Hakucheka, wala mimi sikuwa nikitania sana.

Kusoma vitabu, nikimaanisha kusoma bila kusukumwa na mwalimu, nilianza nikiwa na miaka ishirini, kwenye shamba moja la mzungu upande wa Dundori, katika mwaka wa pili wa Hali ya Hatari, serikali ya wakoloni ilipokuwa ikipigana na wapiganaji wetu wa msituni. Shule niliyokuwa nikisoma ilifungwa nikiwa kidato cha pili, pamoja na nyingine nyingi za watu wetu Wakikuyu, mlango wake ukapigiliwa mbao. Mtu wa kidato cha pili wakati huo alikuwa msomi. Nikapata kazi ya karani wa maziwa.

Kazi yenyewe ilikuwa kupima maziwa ya kila ng'ombe asubuhi na alasiri, kuyaandika, na kuhakikisha madebe yameoshwa kwa mvuke kabla lori la kwenda Nakuru halijafika. Mvuke ulitoka kwenye boila. Na boila ilikuwa na mwenyewe, mzee mmoja mwenye jicho moja zima, ambaye hakuwa amesoma hata herufi lakini alijua jinsi kuni za kila mti zinavyowaka. Dundori kuna baridi. Ukungu ulishuka kutoka msituni ukakaa juu ya pareto hadi saa nne, na chumba cha boila kilikuwa mahali pekee katika shamba lile ambapo vidole vilikubali kushika kalamu. Kwa hiyo niliandikia humo. Hata leo, nikisikia harufu ya maziwa yaliyoungulia kwenye bati, moyo wangu unarudi pale kabla sijauzuia.

Baba mkwe wa bwana mwenye shamba alikuwa padri huko kwao kabla ya kuja kuzeekea katika nyumba ndogo nyuma ya bustani. Tulimwona mara chache, akitembea na fimbo yake kando ya ua wa misaiprasi, akizungumza peke yake. Alipokufa, bwana alitaka nyumba ile iwe ya askari wa kulinda shamba. Samani zikatolewa. Vitabu vyake, makasha manne, vikaletwa kwetu kwenye boila. Bwana alikuja mwenyewe kutuonyesha. Vimeota kuvu, alisema, vimeliwa na mchwa, havifai kitu. Akaamuru vichomwe vyote, na kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa na daftari mkononi, akaniambia nihakikishe.

Kitabu hakiwaki upesi kama watu wanavyofikiri. Kikiwa kimefungwa ni kama gogo bichi: kinaungua pembeni, kinakuwa cheusi, kisha kinalala. Mzee alilijua hilo siku ya kwanza. Ilibidi avichane kurasa na kuzikunja moja moja, na vitatu au vinne vilitosha kuwashia kuni za asubuhi moja. Makasha manne yangemfaa miezi kadhaa, na hakuwa na haraka ya kuyamaliza. Akaniomba nimchagulie vinavyowaka vizuri, maana mimi nilikuwa mtu wa karatasi.

Ndivyo nilivyojifunza kuchagua vitabu: kwa kuamua kipi kife leo.

Mwanzoni sikuona huruma yoyote. Nilifungua, nikasoma mistari miwili, nikampa. Mzee naye alikuwa na maoni yake. Vyenye jalada la ngozi alivichukia kwa sababu vilinuka kama mbuzi aliyeunguzwa. Vya karatasi nyembamba alivipenda. Kisha siku moja nikasoma mistari miwili, nikasoma ya tatu, nikajikuta nimekaa juu ya kasha na mzee ananyoosha mkono akiuliza kama kitabu hicho ni cha kuwasha au cha kuatamia kama kuku.

Kilikuwa maisha ya mhandisi mmoja wa madaraja, mtu ambaye sikuwahi kumsikia na ambaye sijamsikia tena. Kilianza na kuzaliwa kwake na kikaisha na mazishi yake. Katikati mlikuwa na madaraja manane, mke aliyekuwa akiumwa kifua, na daraja la tisa lililoanguka. Sikuwa najua kwamba mtu anaweza kuandikwa hivyo. Shuleni tulisoma habari za wafalme, tarehe ya kutawazwa na tarehe ya kufa, basi. Huyu alikuwa mtu wa suruali yenye matope. Mwandishi alikuwa amekwenda kutafuta barua zake, hata ile aliyoandika akilalamika juu ya viatu vipya. Nilipofika mahali daraja la tisa linapoanguka nilisahau ng'ombe wa alasiri, na msimamizi akanipiga kofi mbele ya wakamuaji. Nilimfikiria baba yangu, ambaye alikata misitu ya wazungu watatu na akafia katika shamba la wa nne. Hakuna barua yake hata moja duniani.

Kitabu hicho nilikificha ndani ya debe lililotoboka. Kilikuwa kitu cha kwanza nilichoiba maishani.

Cha pili kilikuwa hadithi ya kubuni, haina jalada, kurasa thelathini za mbele zimeliwa na mchwa. Msichana mmoja anaishi karibu na kinu cha maji, ameposwa na mwenye kinu asiyempenda, na yule anayempenda amekwenda vitani na haandiki. Niliisoma nikiwa na aibu, kwa sababu sikuelewa kwa nini nahangaika juu ya mtu ambaye hayupo. Mzee wa boila ndiye aliyeniondolea aibu. Alitaka nimsimulie kila asubuhi nilipoishia, na alikasirika kweli. Alishangaa kwamba msichana mwenye shida kama hiyo hana shangazi hata mmoja wa kwenda kumwona. Nilipomwambia Wazungu huishi hivyo, kila mtu katika nyumba yake, alitikisa kichwa akasema basi ndiyo maana wamekuja huku. Alinisihi nisimpe kitabu hicho akichome mpaka ajue mwisho. Mwisho ulipofika, na msichana akaolewa na mwenye kinu, alitupa kuni ndani kwa hasira.

Cha tatu ndicho kilichotuangamiza.

Kilikuwa kinene, cha karatasi nzuri, uchambuzi wa kitabu cha nabii mmoja wa Agano la Kale, kilichoandikwa na mwalimu wa chuo. Kila baada ya mistari michache palikuwa na maneno ya Kiebrania, herufi za mraba ambazo sikujua zinaanzia upande gani. Mwandishi alichukua mstari mmoja akaugeuza kama mtu anayekagua kiazi: huenda nabii alisema hivi, huenda mwandishi wake aliongeza, huenda neno hili halikuwa hivi hapo kwanza. Nilikuwa nimebatizwa nikiwa mtoto, na hakuna aliyewahi kuniambia kwamba Maandiko yanaruhusu kuulizwa maswali. Nikampelekea mwinjilisti.

Mwinjilisti wetu alikuwa mkamuaji kama wakamuaji wengine siku sita za wiki, na siku ya saba alihubiri katika kanisa letu la udongo. Alikuwa na umri wa kama miaka thelathini na mitano, mrefu, mpole, mwenye Kiingereza kizuri cha misheni. Yeye na mkewe walikuwa miongoni mwa watu waliofukuzwa Olenguruone miaka michache kabla. Nyumba yake huko ilichomwa na mahindi yake yakiwa bado shambani. Jambo hilo halikumsaidia kwa serikali. Huko ndiko wengi waliapa kuikaidi serikali, na mtu wa Olenguruone alitazamwa mara mbili kila mahali. Lakini kiapo cha wapiganaji wa msituni hakula, nami najua, kwa sababu waliomjia kumlisha aliwaambia wakae wanywe chai kwanza, akawasomea Zaburi ndefu mpaka wakachoka wakaenda zao. Walimcheka sana kwa hilo kijijini.

Alikishika kile kitabu kwa mikono miwili. Alisoma kwa muda, mimi nimesimama, ng'ombe wake anamgeukia kumwangalia. Kisha akasema, "Karani, miaka kumi nimehubiri mstari huu, na nimeuhubiri vibaya."

Hakuwa na huzuni. Alikuwa kama mtu aliyepata kisima nyuma ya nyumba yake mwenyewe.

Kabla ya Hatari alikuwa na darasa la Jumapili alasiri, wanaume waliojua kusoma, kutoka shamba letu na la jirani. Sasa mikusanyiko ilikuwa imekatazwa. Hata mazishi yaliombewa ruhusa. Akawaza jinsi watu saba wanavyoweza kusoma kitabu kimoja bila kukaa pamoja. Ni mimi niliyesema tukikate. Kitabu kilikuwa na sura saba, na sisi, pamoja nami na mwinjilisti, tulikuwa saba. Kila mtu atasoma sura yake wiki mbili, kisha ataipitisha kwa anayemfuata, wakikutana njiani au kwenye malisho. Kiingereza cha wengi kilikuwa cha darasa la nne, kwa hiyo kila sura itakapopita mkononi mwa mwinjilisti, yeye ataandika pembeni kwa penseli maana yake kwa Kiswahili.

Nilikikata kwa kisu cha kuchinjia, juu ya kasha, na kila sura nikaishona kwa uzi wa gunia. Juu ya kila moja nikaandika namba kwa wino ili mpangilio usipotee.

Mzee wa boila alinitazama nikishona. Akauliza kwa nini vipande visiwe vinane. Nikamwambia sura ni saba, nitaitoa wapi ya nane? Akasema ningeweza hata kuvifanya sita, nishone mbili pamoja. Nilijua anachoogopa. Nyanyangu mwenyewe hakulitamka neno saba katika lugha yetu. Akihesabu wajukuu au mbuzi, alisema sita, kisha mmoja. Ni namba ya uchawi na ya viapo. Nikacheka, kwa sababu nilikuwa nimefika kidato cha pili. Nilipomweleza mwinjilisti naye alitabasamu. Alisema kwa Mungu saba ni siku ya kupumzika.

Sura ya kwanza nilibaki nayo mimi, kama mkataji. Humo ndani mlikuwa na ukurasa wa jina la kitabu, orodha ya sura zote saba, na jina la yule padri marehemu aliloliandika kwa mkono wake. Wiki mbili zilipokwisha nilipaswa kuipitisha. Sikuipitisha. Nilitoa udhuru, nikatoa mwingine. Zile nyingine sita zilizunguka kama tulivyopatana, na mwinjilisti aliniuliza mara mbili, kwa upole, lini ataiona. Nilimwambia wiki ijayo. Mpaka leo siwezi kueleza vizuri. Nilikuwa nikiipenda tu. Kila nilipoisoma niliona jambo ambalo sikuliona kabla, na sikutaka mtu mwingine aliandike pembeni.

Askari walikuja asubuhi ya siku ya kuosha matangi. Tulisikia malori yakipanda mlima kabla hatujayaona, kwa sababu ya ukungu. Kila mtu alijua ni kuchujwa, kutafuta waliokula kiapo. Mashamba mawili chini yetu yalikuwa yamechujwa wiki ile, na watu wote wakapakiwa kama walivyo, wengine na unga mikononi, kupelekwa kwenye hifadhi, maeneo waliyotengewa Wakikuyu, ambako wengine hawakuwa wamewahi hata kufika. Nilikuwa na sura ya kwanza ndani ya shati. Niliiona ile saini ya padri machoni kama imeandikwa kwenye paji langu la uso. Wizi, nikawaza. Watasema wizi, kisha watauliza mengine.

Mlango wa boila ulikuwa wazi. Mzee alikuwa ametoka kuangalia malori. Niliitia ndani na kuisukuma kwa fimbo ya chuma. Haikushika mara moja. Niliishona vizuri mno. Ilibidi niivute, nikate uzi, niitie tena kurasa zikiwa zimeachana.

Waliweka meza uani mbele ya zizi. Nyuma yake aliketi ofisa kijana wa Kizungu, si zaidi ya miaka ishirini na miwili, mwenye mafua. Kushoto kwake alikaa mzee wa homugadi, walinzi wa kienyeji wa upande wa serikali, Mkikuyu mwenzetu, mwenye koti zito na bunduki kati ya magoti. Bwana mwenye shamba alisimama kando na mbwa wake. Mimi niliwekwa upande wa kulia na daftari la wafanyakazi niite majina. Kwa hiyo niliona yote, na hakuna aliyenishuku. Karani ni sehemu ya meza.

Walikuwa wamepekua nyumba kabla. Askari mmoja alileta alichokipata akakimwaga mezani: visu, sanamu za watakatifu, picha ya harusi, na sura zetu. Moja kutoka darini, moja kutoka ndani ya godoro, nyingine chini ya jiwe la kusagia. Zilikuwa sita. Ofisa alizipanga. Kati ya mistari ya Kiingereza akaona herufi za Kiebrania, akamwonyesha bwana, akauliza kama ni Kihindi au Kirusi. Bwana hakujua.

Mzee wa homugadi hakuangalia herufi. Aliangalia namba nilizoandika kwa wino. Mbili, tatu, nne, mpaka saba. Alizigusa moja moja kwa kidole bila kuzitamka. Kisha akamwinamia ofisa, akamweleza kwa Kiswahili, polepole, kama anayemfundisha mtoto, kwamba hakuna Mkikuyu anayegawa kitu kwa namba hiyo kwa bahati tu. Watu wetu hawagawi hata nyama hivyo. Kitu kikigawiwa hivyo, kikafichwa katika nyumba mbalimbali, hicho ni kiapo. Hakuwa akisema uongo. Kama angekuwa baba yangu angesema vilevile.

Wakamwita mwinjilisti, kwa kuwa penseli ilikuwa yake. Ofisa alimsomesha kwa sauti maneno aliyoyaandika pembeni. Mengi yalikuwa maelezo tu. Lakini katika sura ya tano nabii anawaambia mateka kwamba watarudi, na mwinjilisti alikuwa ameandika: watu watarudi katika nchi yao, na wale waliowahamisha watahamishwa. Alisoma hivyo mbele ya meza, mtu wa Olenguruone. Hata mbwa aliacha kujikuna.

Alieleza kwa utulivu. Hayo si maneno yake, ni ya nabii. Ni kitabu kimoja, kina sura saba, kimekatwa kwa kuwa mikutano imekatazwa. Kilikuwa cha yule padri mzee, baba mkwe wa bwana. Ukurasa wa mbele una jina lake.

Ofisa alimgeukia bwana. Niliona usoni kwamba alikuwa tayari kuamini. Alikuwa amechoka, pua inamvuja, na padri alikuwa mtu wa kwao. Mambo yote yalisimama mahali hapo, na bwana akanigeukia mimi.

"Karani," akasema, "vile vitabu ya mzee, wewe nachoma yote?"

Nilikuwa na daftari. Naukumbuka ukurasa, naikumbuka hata ile alama ya kikombe cha chai juu yake. Mwinjilisti alikuwa hatua tatu kutoka kwangu.

"Ndiyo, bwana," nikasema. "Vyote."

Bwana akamwambia ofisa kwamba huyu ni mtu wake, anaandika kila kitu, hakosei, basi kitabu hiki hakikuwa cha padri. Ofisa akafunga makaratasi kwa kamba. Mzee wa homugadi alitaka kujua jambo moja tu lililobaki: hii ya kwanza iko wapi, na aliyekuwa nayo ni nani? Alirudia swali kwa kila mmoja wa wale watano, na kila mmoja alipigwa, na hakuna aliyejibu. Mwinjilisti ndiye aliyejibu.

"Ilikuwa kwangu," alisema. "Nimeipoteza."

Ni uongo pekee niliowahi kumsikia akiusema.

Yeye alichukuliwa na gari dogo. Wale watano, na wake na watoto, na pia mzee wa boila kwa kuwa alikuwa wa ukoo mmoja na mmoja wao, walipakiwa kwenye malori. Mzee aliniuliza nani sasa atawasha boila kesho. Aliuliza kwa kweli, jambo hilo lilimsumbua. Mke wa mwinjilisti alipanda akiwa amebeba ndoo yenye maziwa ya mtoto, na askari aliyamwaga ili apate nafasi. Hakunitazama. Sidhani kama alijua lolote.

Mimi nilibaki. Bwana alinitetea, nikapewa pasi ya kubaki shambani. Nikawasha boila mwenyewe kila asubuhi kwa vile vitabu vilivyobaki, ambavyo hakuna aliyekuja kuvitafuta, bila kufungua hata kimoja, hadi makasha manne yakaisha. Yule mhandisi wa madaraja na yule msichana wa kinu waliondoka pamoja na vingine.

Miaka minne ikapita, au mitano. Niliacha shamba nikaenda kuwa karani wa ghala mjini Nakuru. Nilianza kununua vitabu tena, vya mitumba, kwa mzee mmoja aliyevitandaza juu ya gunia karibu na soko, na nilisoma kila aina, maisha ya watu, hadithi, mahubiri, bila furaha, kama mtu anayekula kwa sababu daktari amesema. Wafungwa wa kambi za kizuizini walikuwa wameanza kurudi. Jamaa mmoja aliyefanya kazi kwenye machimbo ya udongo mweupe kule Kariandusi aliniambia kuna mtu mrefu pale, wa dini, aliyepitia kambi nyingi. Jumamosi moja nikaenda.

Kariandusi kila kitu ni cheupe. Vumbi la ule udongo ni laini kuliko unga, linaingia hata kwenye kope. Ilikuwa saa ya chakula cha mchana, na wanaume walikaa kando ya ukuta wa mchimbo kama watu waliopakwa chokaa. Sikumtambua kwa uso. Nilimtambua kwa jinsi alivyoshika sufuria, kwa mikono miwili. Alikuwa na meno machache, na alipumua kama mtu aliyepanda mlima.

Nilikuwa nimeyapanga maneno yangu njia nzima. Nilipoanza alinisimamisha kwa mkono.

"Nilikusikia siku ile," akasema. "Nilikuwa karibu. Huna haja ya kurudia."

Tukakaa. Alikula. Nilimuuliza juu ya mkewe, akaniambia alikufa kwenye hifadhi mwaka wa pili, na mtoto baada yake. Alisema bila kuniangalia, lakini pia bila kuniepuka. Baadaye akauliza, "Ile sura ya kwanza. Ilisema nini?"

Nikamwambia nilichokumbuka. Kwamba kitabu cha nabii kilikusanywa na mikono mingi. Kwamba alikuwa na mwandishi wake, mtu wa kalamu, ambaye nabii alimtajia maneno naye akayaandika. Kwamba hakuna ajuaye nabii alifia wapi. Nilimweleza kwa muda mrefu, nikijaribu kutoongeza kitu.

"Na ulikaa nayo miezi yote ile kwa nini?"

"Nilitaka kuisoma tena."

Alicheka. Kicheko kikageuka kikohozi, na kikohozi kikakaa naye kwa muda hata mwenzake akaja kumpiga mgongoni. Kilipomwachia, alifuta midomo, ikabaki mistari miwili ya ngozi katikati ya ule weupe. Kengele ya kazi ilikuwa imeshapigwa, na watu walikuwa wakiinuka.

"Karani," akasema, "nimekusamehe. Nilikusamehe zamani, ni amri, sina la kuchagua. Lakini usije tena hapa. Nikikuona inabidi nianze upya, na mimi nina kazi."

Akachukua sururu yake akateremka mchimboni na wenzake. Baada ya hatua chache sikuweza tena kumtofautisha. Jumatatu niliacha kazi ya ghala, nikafunga sanduku, nikapanda gari moshi la kwenda Naivasha. Sijaishi Nakuru tena, na Kariandusi sijarudi, kama alivyoniomba.